Fritz Wunderlich: Sauti Iliyojengwa na Kazi, 1930–1966

Katika historia ya opera nchini Ujerumani baada ya Vita Kuu ya Pili ya Dunia, Fritz Wunderlich ana nafasi ya pekee, kwani maisha yake ya jukwaani hayakuzidi miaka kumi na mmoja, na hata hivyo sauti aliyoiacha kwenye santuri na katika hifadhi za redio bado ndiyo kipimo ambacho waimbaji wa aina yake hupimiwa. Opera ni tamthilia inayoimbwa, yote au sehemu yake kubwa, ikisindikizwa na okestra, na ndani yake kila aina ya sauti huwa na wahusika wake. Tenori ni sauti ya juu ya mwanamume, ile ambayo wanakwaya wa Afrika Mashariki huiita sauti ya tatu, na watunzi wa karne ya 18 na ya 19 waliikabidhi mara nyingi nafasi ya kijana anayependa na kupendwa. Wengi waliomsikia Wunderlich waliiona sauti yake kuwa zawadi ya maumbile isiyohitaji maelezo. Maelezo, hata hivyo, yapo. Sauti ile ilijengwa na ufundi wa wapiga muziki wa miji midogo, na chuo cha muziki, na majumba ya opera ya umma, na studio za redio, na anayeyasahau hayo anawadhulumu waliomlea pamoja na yeye mwenyewe, ambaye tangu utotoni aliujua muziki kuwa kazi ya kumpatia mtu mkate.

Friedrich Karl Otto Wunderlich alizaliwa tarehe 26 Septemba 1930 katika mji mdogo wa Kusel, kwenye eneo la Pfalz lililoko kusini magharibi mwa Ujerumani. Vilima vinavyouzunguka mji huo vilikuwa na ardhi isiyowatosha wakulima wake, na kwa sababu hiyo, kuanzia miaka ya 1830 hivi hadi Vita Kuu ya Kwanza, wanaume wa vijiji vya huko walijizoeza kupiga ala za muziki na kusafiri kwa makundi kwenda kutafuta riziki mbali na kwao. Makundi hayo yalipiga muziki barabarani, kwenye sarakasi na katika miji ya bandari, yakafika Marekani, Australia na hata China, na mengi yalirudi nyumbani na akiba iliyojenga nyumba na kusomesha watoto. Wanahistoria huwaita watu hao wanamuziki wasafiri wa Pfalz ya Magharibi, na nchi yao imebaki kuitwa nchi ya wanamuziki hadi leo. Wunderlich alizaliwa wakati biashara hiyo ilikuwa imekwisha kufa, lakini mtazamo wake ulikuwa bado hai, kwamba kupuliza tarumbeta ni kazi kama kushona viatu, ambayo hujifunzwa mapema, hufanywa kwa nidhamu na hulipwa.

Nyumba aliyozaliwa ilikuwa ya wanamuziki. Baba yake, Paul, aliongoza kwaya, na mama yake, Anna, alipiga fidla, na kwa muda mfupi familia iliendesha pia nyumba ya wageni. Baba alikuwa amejeruhiwa vibaya katika Vita Kuu ya Kwanza, na baada ya Wanazi kushika madaraka mwaka 1933 alipoteza kazi yake, kwa kiasi fulani kwa sababu ya shinikizo la wafuasi wao wa pale mjini. Mwaka 1935 alijiua, akamwacha mjane na watoto wadogo bila kipato. Mama aliilisha familia kwa kufundisha muziki, na mtoto akashika ala moja baada ya nyingine, kwanza kwa kuwa zilikuwamo nyumbani, na baadaye kwa kuwa zilileta pesa. Alipiga kodiani na tarumbeta katika vikundi vya muziki wa dansi, na baada ya Vita Kuu ya Pili, Ujerumani ilipokuwa katika magofu na watu wakihitaji furaha ya jioni moja, kijana huyo alikuwa tayari mfanyakazi wa muziki kabla hajawa mwanafunzi wa uimbaji.

Hatua ya kwanza kuelekea uimbaji wa kitaaluma aliipiga Kaiserslautern, mji mkubwa ulio jirani na Kusel, ambako alifundishwa na mwalimu wa sauti Käthe Bittel-Valckenberg. Mwaka 1950 alijiunga na chuo cha muziki cha Freiburg, akasoma uimbaji kwa Margarethe von Winterfeld, na pamoja na uimbaji akasoma honi ya okestra, ala ya shaba ambayo bomba lake refu limekunjwa mviringo na mdomo wake kupanuka kama ua. Masomo hayo aliyalipia kwa kupiga muziki wa dansi usiku. Mwaka 1954 wanafunzi wa chuo walipoigiza opera ya Mozart iitwayo Die Zauberflöte, yaani Filimbi ya Uchawi, yeye alipewa nafasi ya Tamino, mwana wa mfalme, nafasi ambayo ingeambatana naye hadi mwezi wa mwisho wa maisha yake.

Masomo ya honi yanastahili kuangaliwa kwa karibu. Katika ala hiyo noti za juu zimekaa karibu mno, kiasi kwamba bomba lilelile, bila kidole kusogezwa, linaweza kutoa noti kadhaa zinazofuatana, na kinachoamua ni ipi itakayotoka ni mkazo wa midomo na kasi ya hewa peke yake. Mpigaji asiyeisikia noti kichwani kabla ya kupuliza ataikosa, na kosa lake litasikika ukumbi mzima; na mpigaji anayeachilia pumzi yote mwanzoni mwa sentensi ya muziki hatafika mwisho wake. Ni vigumu kumsikiliza Wunderlich bila kuyakumbuka mambo hayo mawili, kwa kuwa sifa zilizomtofautisha na wenzake zilikuwa ni zilezile: aliigusa noti ya juu katikati yake bila kuitafuta kutoka chini, na aliziunganisha noti kwa mkondo mmoja wa hewa hata msikilizaji asijue pumzi ilivutwa wapi. Mwimbaji wa opera husimama mbele ya okestra kamili bila kipaza sauti, na sauti inayopita juu ya fidla kwa nguvu ya koo huchakaa haraka, ilhali ile inayopita kwa mpangilio wa pumzi hudumu. Wunderlich alikuwa wa kundi hilo la pili, na hakuanza kulijifunza hilo jukwaani.

Ili kuelewa namna mwanafunzi asiye na mali alivyoweza kuwa mwimbaji mashuhuri, ni lazima kuelewa mfumo wa Ujerumani wenyewe. Kwa kuwa nchi hiyo ilikuwa kwa karne nyingi mkusanyiko wa tawala ndogondogo, kila mtawala alitaka kuwa na ukumbi wake wa maonyesho, na tawala hizo zilipotoweka, miji na majimbo yalizirithi kumbi hizo na kuendelea kuzigharimia kwa fedha za umma. Kila ukumbi mkubwa huajiri kikundi cha kudumu cha waimbaji, huwalipa mshahara kwa msimu mzima, na huonyesha opera tofauti karibu kila usiku, kwa hiyo mwimbaji kijana huweza kuimba nafasi ndogo leo, kumsikiliza mkongwe kesho, na kuitwa ghafla keshokutwa mkongwe huyo anapougua. Mfumo huo una pia mgawanyo wa sauti uitwao Fach, neno la Kijerumani lenye maana ya fungu au taaluma, ambao huandikwa katika mkataba na humlinda mwimbaji asilazimishwe kuimba kisichofaa koo lake. Tenori laini, ambaye sauti yake ni nyepesi na inayotiririka, hupewa kazi za Mozart na wahusika vijana, na tenori shujaa hupewa kazi nzito za Richard Wagner, zenye okestra kubwa na maonyesho ya saa tano. Wunderlich alikuwa tenori laini, na fungu hilo ndilo lililomlinda katika miaka ambayo sauti huharibika kwa urahisi zaidi.

Mwaka 1955 aliajiriwa na opera ya jimbo mjini Stuttgart, katika jengo lililofunguliwa mwaka 1912 na ambalo, tofauti na kumbi nyingi za Ujerumani, lilinusurika mabomu ya vita. Alianza kwa nafasi ya Ulrich Eisslinger katika opera ya Wagner iitwayo Die Meistersinger, mmoja kati ya mafundi kumi na wawili wa mji wa Nürnberg wanaotunza kanuni za uimbaji; Eisslinger ni mwuza viungo, na yanayomhusu yeye peke yake katika opera ile ndefu ni machache mno. Hata hivyo alikuwa amesimama jukwaani usiku baada ya usiku akiwasikiliza wenzake, na katika msimu wake wa kwanza, tenori Josef Traxel aliposhindwa kuimba Tamino, nafasi ilimwendea kijana aliyekwisha kuijua tangu Freiburg. Usiku huo ulimtoa katika orodha ya waimbaji wadogo. Mwaka 1956 alimwoa Eva Jungnitsch, mpiga kinubi katika okestra ya ukumbi uleule, na wakajaliwa watoto watatu.

Sababu ya Tamino kumfaa kiasi hicho inaonekana tangu aria yake ya kwanza, aria ikiwa ni wimbo wa mhusika mmoja ambao ndani yake kitendo husimama ili hisia zisikike. Tamino amepewa picha ya msichana asiyemjua, anaitazama, na papo hapo sauti yake inaruka kutoka noti ya katikati hadi noti ya sita juu, ukihesabu kuanzia ile ya kwanza, kisha inateremka taratibu, kana kwamba pumzi imemkatika na sasa inamrudia. Mruko huo si mrefu, na mwanafunzi yeyote anaweza kuufikia, lakini akiusukuma utasikika kama amri, na akiuogopa utasikika kama swali. Katika santuri ya opera nzima iliyorekodiwa Berlin mwaka 1964 chini ya uongozi wa Karl Böhm, Wunderlich anaupita mruko huo bila mshono, rangi ya sauti ikiwa ileile chini na juu, na mshangao wa mhusika unatokea palepale kwenye neno, bila kuongezewa kitu kutoka nje. Wasikilizaji husema kwamba huo ni wepesi. Ukweli ni kwamba ni uzito uliokwisha kubebwa siku nyingi kabla, mahali ambapo hakuna msikilizaji.

Kutoka Stuttgart alihamia opera ya Frankfurt mwaka 1958, wakati Georg Solti alipokuwa mkurugenzi wa muziki huko, na mwaka 1960 akaingia opera ya jimbo la Bavaria mjini München, kisha akaongeza mkataba na opera ya taifa ya Vienna. Mwaka 1959 aliimba kwa mara ya kwanza katika tamasha la Salzburg, mji alikozaliwa Mozart, akiwa Henry katika opera ya Richard Strauss iitwayo Die schweigsame Frau, yaani Mwanamke Mnyamavu, na mwaka 1965 alirudi huko akiwa Belmonte katika Die Entführung aus dem Serail ya Mozart, iliyoongozwa jukwaani na Giorgio Strehler na katika okestra na Zubin Mehta. Hakuwa mwimbaji wa kazi kongwe tu. Mwezi Desemba 1959 mjini Stuttgart aliimba Tiresia, mwaguzi kipofu, katika onyesho la kwanza kabisa la Oedipus der Tyrann ya Carl Orff, na mwezi Novemba 1963 alishiriki onyesho la kwanza la opera ya Werner Egk, Die Verlobung in San Domingo. Onyesho hilo la pili lilikuwa sehemu ya sherehe za kufungua upya ukumbi wa taifa wa München, ambao mabomu yaliuteketeza mwaka 1943 na ambao wakazi wa mji waliusubiri kwa miaka ishirini. Kijana aliyepoteza baba kwa sababu zilizotokana na zama za Wanazi aliimba katika jengo lililoinuliwa kutoka katika majivu ya zama hizohizo.

Lugha aliyoiimba inahitaji maelezo pia. Katika kumbi za Ujerumani za wakati huo ilikuwa desturi kutafsiri opera za Kiitalia, Kifaransa na Kirusi ili wasikilizaji wa mjini wazielewe, na ndiyo maana rekodi nyingi za Wunderlich za kazi za Verdi, Rossini na Tchaikovsky ziko katika Kijerumani. Mfano unaojulikana sana ni Kinyozi wa Seville ya Rossini, iliyorekodiwa kwa televisheni mjini München mwaka 1959 chini ya Joseph Keilberth, ambamo aliimba pamoja na rafiki yake wa karibu, baritoni Hermann Prey, baritoni ikiwa ni sauti ya kiume iliyo kati ya tenori na besi. Kwa masikio ya leo, yaliyozoea lugha asilia, rekodi hizo huonekana za kigeni, lakini zinaeleza jambo muhimu: kwamba ukumbi wa umma ulikuwa mali ya wakazi wa mji, na mwimbaji aliwajibika kutamka kila silabi hivi kwamba mtu aliyeketi safu ya mwisho aipate. Utamkaji safi wa Wunderlich, ambao wahakiki waliusifu katika kila aina ya muziki aliyoigusa, ulitokana na wajibu huo.

Redio nayo ilikuwa shule. Vituo vya umma vilivyoanzishwa au kuundwa upya baada ya vita vilikuwa na okestra zao na saa nyingi za kujaza, na vilimwita mara kwa mara kurekodi oratorio, yaani masimulizi, mara nyingi ya kidini, yanayoimbwa bila maigizo, pamoja na operetta na nyimbo pendwa. Kaiserslautern, karibu kabisa na kwao, alirekodi na okestra ya redio iliyoongozwa na Emmerich Smola. Operetta ni tamthilia nyepesi ya nyimbo na mazungumzo, na wapo waimbaji wakubwa walioidharau, lakini mpiga kodiani wa zamani hakuwa na dharau hiyo, akaiimba kwa uangalifu uleule alioimbia kazi za Bach.

Upana wa uwezo wake unasikika vizuri zaidi katika Das Lied von der Erde ya Gustav Mahler, nyimbo sita za tenori, sauti nzito ya kike na okestra, ambazo maneno yake yanatokana na mashairi ya kale ya China. Mwaka 1964 alirekodi London nyimbo tatu za tenori chini ya Otto Klemperer, mzee aliyewahi kumfahamu Mahler mwenyewe, huku Christa Ludwig akirekodi nyimbo zake katika vipindi tofauti, hivyo kwamba waimbaji wawili wanaosikika pamoja kwenye santuri hawakuimba siku moja. Wimbo wa kwanza ni mtihani mkali kwa tenori yeyote, kwa sababu baragumu zinavuma tangu mwanzo, na kiitikio chake cha huzuni hurudi mara tatu, kila mara kikiwa nusu hatua juu zaidi, hata mwimbaji anadaiwa utulivu mkubwa zaidi pale ambapo nguvu zimepungua zaidi. Ni kweli kwamba studio humsaidia mwimbaji kwa namna ambayo ukumbi hauwezi. Lakini hakuna fundi mitambo anayeweza kuutengeneza utulivu ule wa mara ya tatu, ambapo sauti inashuka bila kutikisika.

Kulikuwa na fani moja ambayo hakuipata kwa urahisi, nayo ni Lieder, nyimbo za kisanaa za Kijerumani ambamo mwimbaji mmoja na mpiga piano hulifasiri shairi bila mavazi, bila mandhari na bila mwongozaji. Hapa uzuri wa sauti hautoshi, kwa sababu kila ubeti unadai nia yake, na mwimbaji wa opera aliyezoea kujificha nyuma ya mhusika hujikuta hana pa kujificha. Wunderlich alijiweka chini ya mafunzo ya mpiga piano Hubert Giesen wa Stuttgart, mtu aliyemzidi umri kwa zaidi ya miaka thelathini, na akarudi kuwa mwanafunzi wakati jina lake lilikwisha kujaa kwenye mabango. Matunda ya kazi hiyo ni Dichterliebe ya Robert Schumann na Die schöne Müllerin ya Franz Schubert, alizozirekodi pamoja na Giesen mwaka 1965 na 1966.

Mwaka 1966 ulimkuta katika kilele. Mwanzoni mwake alirekodi Missa solemnis ya Beethoven chini ya Herbert von Karajan, mwezi Agosti na Septemba alikuwa katika tamasha la Edinburgh nchini Uskoti, ambako aliimba Tamino na kikundi cha Stuttgart kilichomlea, na tarehe 4 Septemba alitoa huko jioni ya Lieder pamoja na Giesen, ambayo ilirekodiwa na ndiyo iliyokuwa ya mwisho. Mwezi Oktoba alitazamiwa kuimba kwa mara ya kwanza katika Metropolitan Opera ya New York, akiwa Don Ottavio katika Don Giovanni ya Mozart. Kabla ya safari hiyo alikwenda kupumzika na kuwinda, burudani aliyoipenda, katika nyumba ya rafiki huko Oberderdingen, kusini magharibi mwa Ujerumani. Huko alianguka kwenye ngazi za mawe na kuvunjika fuvu la kichwa. Alifariki katika hospitali ya chuo kikuu cha Heidelberg tarehe 17 Septemba 1966, siku moja baada ya Metropolitan Opera kufungua jengo lake jipya, na siku tisa kabla ya kutimiza miaka thelathini na sita. Alizikwa München.

Kifo cha namna hiyo huwafanya watu waulize mwimbaji angekuwa nani baadaye, kama angefika kwenye kazi nzito zaidi za Wagner, na kama New York ingempokea. Maswali hayo hayana jibu katika historia. Lililo na jibu ni kazi aliyoiacha, na katika kazi hiyo hakuna ushahidi unaogusa kuliko santuri ya Die Schöpfung, yaani Uumbaji, oratorio ya Joseph Haydn inayosimulia siku za kwanza za dunia. Karajan alianza kuirekodi mwaka 1966, Wunderlich akiwa malaika Urieli, na alipofariki aria zake zilikuwa tayari, lakini baadhi ya resitativo, yaani vifungu vya masimulizi vinavyoimbwa kwa mwendo wa mazungumzo, zilikuwa bado. Tenori Werner Krenn aliitwa azimalizie. Kwa hiyo anayeisikiliza santuri hiyo leo humsikia malaika mmoja akisema kwa sauti ya mtu mmoja na kuimba kwa sauti ya mwingine, na mahali zinapokutana hapakufichwa. Pale ndipo historia yake yote ilipo: nafasi aliyoipata kwa kuziba pengo la mwenzake kule Stuttgart, na pengo aliloliacha, ambalo mwenzake alilijaza kwa heshima ili kazi isibaki nusu.